Sari ya leo si gauni: neno kutoka kwa mafundi wa Kisumu

Mhariri,

Makala yenu kuhusu mavazi ya wanawake wa Kihindi wa kisasa yalituacha na mambo mawili ambayo hatuwezi kuyanyamazia. La kwanza, mlisema sari imebaki kuwa vazi la akina nyanya na la sherehe, na kwamba binti wa mjini ameshaitupa. La pili, mliwashauri wasichana wetu wanaotaka kuivaa waipeleke kwa fundi "aishone kama gauni". Sisi ni mafundi wa nguo hapa Kisumu. Tunashona blauzi za sari na kuzitayarisha sari zenyewe kwa wateja wa kila jamii, na tunasema wazi kwamba ushauri huo wa pili unaharibu mali ya watu. Makosa yote mawili yana mzizi mmoja: kutojua kwamba sari ni kitambaa kisichoshonwa, na kwamba kule kutoshonwa ndiko kunakoiwezesha kuishi na mwanamke wa leo.

Msomaji anayejifunga leso atatuelewa upesi. Leso ina pindo na ina mji wake katikati. Mama huifunga kiunoni, huitupa begani, humbebea mtoto mgongoni, huitandika, na hakuna aliyewahi kumwambia kwamba imepitwa na wakati. Sari nayo ina sehemu zake. Urefu wake ni mita 5.5 hivi, na upana ni kati ya mita 1.1 na 1.2. Ina pindo juu na chini, ina mji katikati, na upande mmoja inaishia kwenye palu, yaani ile ncha yenye nakshi nyingi inayotupwa begani. Sari nyingi huja na kipande cha ziada cha sentimita 80 hivi kwa ajili ya blauzi, ndiyo maana kipimo cha dukani husomeka mita 6.3. Huko Maharashtra iko nyingine ya yadi 9, zaidi ya mita 8, ambayo hupitishwa katikati ya miguu na kuchomekwa nyuma, na mwanamke akaweza kuinama shambani au kubeba kapu la samaki bila nguo kumkwamisha. Mtafiti Rta Kapur Chishti amekusanya zaidi ya njia 100 za kuifunga sari kutoka pembe zote za India. Gauni lina njia moja tu ya kuvaliwa.

Hata huo mfungo ambao wengi wetu tunauita wa asili haukuanza juzi wala haukuanza enzi za kale. Blauzi iliyokatwa vizuri na petikoti chini ya sari vilienea katika familia za mjini karne ya 19. Katika miaka ya 1860 Jnanadanandini Devi, mke wa ofisa wa serikali Satyendranath Tagore, alifika Bombay (Mumbai ya leo) na mumewe, akaona namna wanawake wa Kiparsi, jamii ya Wahindi wenye asili ya Uajemi, walivyojifunga, akarudi Kolkata na mtindo unaomwezesha mwanamke kutoka nje na kukaa mbele za watu kwa heshima bila kuzongwa na nguo. Kwa hiyo sari inayoonekana kuwa ya zamani ilikuwa tayari ya kisasa wakati reli haijafika hapa ziwani.

Ni kweli kwamba nguo ya kila siku ya mwanamke wa mjini India leo mara nyingi ni kurta, yaani shati refu, na suruali ya kubana, au suti ya Kipanjabi na mtandio wake, au jinzi. Hatubishi. Anapanda treni ya asubuhi, anaendesha skuta, anakaa mbele ya kompyuta kwa muda wa saa nane. Lakini kubadilisha nguo ya kila siku si kutupa sari. Mwaka 2015 wanawake wawili wa Bengaluru, Ally Matthan na Anju Maudgal Kadam, waliwekeana ahadi ya kuvaa sari mara 100 ndani ya mwaka, na maelfu wakawafuata mtandaoni, kila mmoja akieleza sari yake imetoka wapi na ilikuwa ya nani. Septemba 2014 chombo cha India kilipoingia kwenye mzunguko wa sayari ya Mirihi, picha iliyozunguka dunia ilikuwa ya wanawake wa shirika la anga la nchi hiyo wakishangilia, sari zimewakaa mwilini na maua yako kwenye nywele. Desemba 2023 Air India ilitangaza sare mpya za wahudumu wa ndege: sari iliyopangwa marinda tayari, inayoweza kuvaliwa juu ya suruali. Na vijana wenyewe wanaivaa juu ya shati la mikono mirefu badala ya choli, ile blauzi fupi ya sari, wanaifunga mkanda wa ngozi kiunoni, wanavaa raba chini yake, wanashonesha mfuko ndani ya petikoti wa kutilia simu.

Jambo moja tunaliheshimu zaidi katika mabadiliko hayo: hiari. Novemba 2021 serikali ya jimbo la Kerala iliandika wazi kwamba walimu wa kike hawalazimiki kuvaa sari, baada ya taasisi kadhaa kuwashurutisha. Mwanamke anayeivaa kwa kuichagua huivaa vizuri. Anayelazimishwa huichukia, na ana haki.

Sasa tuje nyumbani. Reli ilifika hapa mwaka 1901, mji ukiitwa Port Florence, na pamoja nayo wakaja wenye maduka na wakulima wa Kibos, wengi wao Wagujarati na Wapanjabi. Tangu Julai 2017 Wakenya wenye asili ya Asia wanatambuliwa rasmi kuwa jamii ya 44 ya nchi hii. Kwa hiyo tunapoandika kuhusu mwanamke wa Kihindi katika gazeti la Kenya, tunaandika pia kuhusu jirani. Mama wa Kigujarati akijifunga kwa desturi ya kwao, palu hutoka nyuma, hupita bega la kulia, hutandazwa kifuani mbele, na pembe yake moja huchomekwa kiunoni upande wa kushoto, nakshi yote ikaonekana. Katika mfungo uitwao Nivi, ulioenea kote, palu hupanda mbele kutoka kulia kwenda bega la kushoto na kuning'inia mgongoni. Picha yenu ilionyesha mfungo wa Kigujarati na maelezo chini yake yakauita "sari iliyovaliwa kinyume". Haikuwa kinyume. Na mwanamke wa Kisikh katika picha ya pili hakuvaa sari hata kidogo. Ile ni suti ya Kipanjabi, yaani shalwari, kamisi na mtandio wa mita 2.5 hivi unaofunika kichwa anapoingia gurdwara, nyumba ya ibada ya Masingasinga.

Sasa tueleze namna sari inavyotayarishwa bila kushonwa kama gauni. Tuanze na kitu ambacho hakionekani, petikoti, kwa sababu sari ikiporomoka katikati ya sherehe, kosa ni lake mara nyingi kuliko la sari. Petikoti ishonwe kwa pamba. Ya polista inateleza, na ukiweka hariri au krepu juu yake, vitambaa viwili vinavyoteleza havishikani. Inataka mita 2 za kitambaa, ikatwe vipande sita vinavyopanuka kwenda chini, na mzunguko wa chini ufike angalau mita 2. Fundi anayeokoa kitambaa na kuufanya mzunguko kuwa mita 1.4 anamfunga mteja miguu: hawezi kupanda ngazi ya matatu. Siku hizi kuna petikoti za kunyumbulika zinazobana mwili hadi magotini. Zinafanya umbo lionekane vizuri, lakini ziwe na mpasuo upande mmoja kuanzia gotini, la sivyo hatua inakuwa fupi na marinda yanafunguka. Rangi ifanane na mji wa sari, maana chifoni na jojeti huonyesha kilicho chini.

Halafu kamba. Kamba nyembamba kama ya kiatu hukata ngozi, hasa kwenye joto letu la ziwani ambapo jasho halikauki. Mwaka 2024 madaktari wa India walieleza katika jarida la tiba habari za wanawake wawili wazee waliopata saratani ya ngozi kiunoni, mahali ambapo nguo ilikuwa imefungwa kwa kukazwa miaka na miaka hadi kidonda kikakataa kupona. Hao walikuwa wakivaa hivyo kila siku kwa miongo, kwa hiyo mtu wa sherehe moja asiogope. Lakini dawa yake ni rahisi kiasi kwamba hakuna sababu ya kutoitumia: mshipi wa kitambaa wenye upana wa sentimita 3 hadi 4, ufungwe usawa wa kitovu, na vidole viwili viweze kupita kati yake na mwili. Ngozi ikianza kuwa nyeusi au kuchubuka, fungia mahali pengine au uache kwa muda.

Kazi ya fundi juu ya sari yenyewe ni ndogo, ila ina mitego. Ncha mbili hupigwa mshono mwembamba wa kuzuia nyuzi zisifumuke. Kisha kwenye pindo la chini, upande wa ndani, hushonwa ukanda wa pamba ambao wenye maduka huuita foli: urefu mita 2.5, upana sentimita 12 hivi. Huo ndio unaoyapa marinda uzito yakaanguka wima, na ndio unaopokea kisigino badala ya hariri kukipokea. Ukanda huanza kiasi cha shibiri moja kutoka ile ncha ya ndani inayochomekwa kiunoni, ukapita mzunguko wa kwanza na marinda yote, basi. Kuuendeleza hadi kwenye palu ni kupoteza kitambaa na kuifanya sari iwe nzito mgongoni.

Mtego wa kwanza ni kuushona ukanda mbichi. Pamba hunywea. Sari ikifuliwa mara moja tu, ukanda unafupika, hariri haifupiki kiasi hicho, na pindo lote la mbele linajikunyata kama uso wa mtu aliyeonja ndimu. Uloweke kwenye maji baridi usiku kucha, uanikwe kivulini, upigwe pasi, ndipo ushonwe. Mtego wa pili ni cherehani. Ukingo wa chini unaweza kupita cherehani kwa uzi wa rangi ya pindo, lakini ukingo wa juu ushonwe kwa mkono, sindano ikichukua uzi mmoja au miwili tu ya sari kila inapoingia, mishono ikiwa legevu. Ukiupitisha cherehani, mstari unaonekana upande wa nje, na siku ukitaka kuufumua, matundu yanabaki kwenye hariri. Mtego wa tatu ni kushona kwenye pindo lisilo lake au upande usio wake, kosa linalotokea sana kwa sari ambazo pande zake mbili zinafanana. Hapa hakuna kanuni inayopita kumfunga mteja sari kwanza, kuweka alama ya chaki, na kuishika sindano baadaye.

Na kabla ya kukata kipande cha blauzi, mpime mteja nyonga. Mwanamke mwenye nyonga za sentimita 120 akikatiwa zile sentimita 80, marinda yake yanaweza kuwa machache na palu ikawa fupi. Huyo ashonewe blauzi ya kitambaa kingine, na sari ibaki nzima. Mara nyingi kipande hicho kiko kwenye ncha ya ndani, lakini ziko sari ambazo kimewekwa baada ya palu. Tafuta mstari au mapengo ya nyuzi yanayokitenga. Mkasi ukipita juu ya palu hakuna fundi wa kuirudisha.

Blauzi ndiyo inayotutofautisha mafundi. Inataka mita moja ya kitambaa na mita moja ya bitana ya pamba iliyofuliwa kwanza. Urefu kutoka begani ni sentimita 35 hadi 38 kwa wengi. Anayetaka tumbo lisionekane aongezewe hadi sentimita 45, na hilo si kosa la mtindo; wanawake wengi wa India wanavaa hivyo. Kosa kubwa la wenzetu waliozoea magauni ni kwapa. Wanafikiri kwapa likikatwa kubwa na kushuka chini, mkono utakuwa huru. Ni kinyume chake. Kwapa lililoshuka linaufunga mkono na ubavu pamoja, kwa hiyo mteja akiinua mkono kurekebisha palu, blauzi yote inapanda na kuacha titi wazi kwa chini. Kwapa lipande karibu na mwili, mkono ukatwe kwa mshazari kidogo, na kipimo kichukuliwe mteja akiwa ameinua mkono kisha ameushusha. Kifua kiachiwe sentimita 2 au 3 za kupumulia.

Ukiigeuza blauzi iliyoshonwa na fundi mzuri wa India upande wa ndani, utaona kitu cha kujifunza. Ubavuni kuna sentimita 3 au zaidi za kitambaa kilichoachwa, na kando ya mshono mkuu kuna mistari mingine miwili ya mshono iliyo sambamba. Mwanamke akinenepa, akijifungua, akizeeka, anafumua mstari wa ndani na blauzi inapanuka. Ni nguo iliyoshonwa kwa hesabu ya maisha yake ya miaka 10 ijayo. Sisi huku tunakata hadi ukingoni na kupiga ovaloki, halafu mteja anarudi baada ya mwaka na hakuna cha kufumua. Bitana ya kwapani nayo iwekewe kipande cha pamba kinachotoka na kufuliwa peke yake, maana jasho la Kisumu hula rangi ya hariri kabla ya kitu kingine chochote.

Sasa kuifunga, kwa mfungo wa Nivi. Vaa viatu kwanza. Hili linasahauliwa kila siku, na anayejifunga miguu mitupu kisha akavaa viatu virefu huonyesha petikoti. Chomeka ncha ya ndani kwenye petikoti kidogo kulia kwa kitovu, peleka kitambaa kushoto, zungusha nyuma, rudi mbele, ukichomeka njiani. Pindo la chini liwe kama sentimita moja kutoka sakafuni pande zote. Kabla ya marinda, ipange palu: iinue ncha ile nyingine, ikunje mikunjo minne au mitano, ipitishe chini ya kwapa la kulia, juu ya kifua, hadi bega la kushoto, iachie mgongoni ifike usawa wa goti, na uibane kwa pini upande wa ndani wa blauzi. Kitambaa kilichobaki kikining'inia mbele ndicho cha marinda. Wengi huanza na marinda, halafu palu inakuwa fupi na kazi yote inarudiwa.

Marinda hupimwa kwa mkono. Tanua kidole gumba na kidole cha shahada, ile futuri ya wazee, na upunguze kidogo: sentimita 12 hadi 13. Zungusha kitambaa kati ya vidole hivyo, kwenda na kurudi, mpaka upate marinda matano hadi saba. La kwanza lifanye pana kidogo kuliko mengine ili liyafunike. Yashike juu kwa mkono wa kushoto, uyatikise, kisha uiname au umwombe mtu avute pindo la chini moja moja hadi yalingane kama kurasa za kitabu. Bana pini sentimita 8 chini ya kiuno, ukishika marinda pekee bila petikoti, ndipo uyachomeke yakitazama kushoto. Pini ikishika petikoti, hatua ya kwanza inapasua kitambaa. Na pini yoyote inayopita kwenye chifoni au hariri ipitishiwe kwanza ushanga mdogo au kipande cha kitambaa, ili kichwa chake kisinase nyuzi.

Sari ngumu ya pamba au ya Banarasi, ile hariri nzito ya mji wa Banaras, inasimama yenyewe na kufurika tumboni, basi anayeanza aiache. Jojeti au krepu inatii mkono. Tunamshauri mgeni aanze na hiyo.

Kuhusu sari zilizoshonwa tayari, msimamo wetu ni huu. Kwa jojeti ya polista ya kawaida, fundi anaweza kuyashikiza marinda kwenye mshipi wenye kulabu, na binti akavaa kwa dakika mbili. Ni jambo jema na hatulidharau. Lakini hariri iliyofumwa kwa mkono isikatwe. Kanjivaram ya Tamil Nadu pindo lake mara nyingi hufumwa kando na kuunganishwa na mji hapo hapo kwenye kitanda cha mfumaji. Patola ya Patan huko Gujarat nyuzi zake za wima na za mlalo zote hupakwa rangi kwa mafundo kabla ya kufumwa, na mafundi huchukua miezi mingi kwa sari moja. Kitambaa cha namna hiyo humfaa mama, kikamfaa binti mwenye umbo jingine, kikamfaa mjukuu mrefu kuliko wote, kwa sababu hakijakatwa. Ukikigeuza gauni la kipimo kimoja, umewanyang'anya wanaofuata. Marinda yanaweza kushikizwa kwa mishono mirefu ya mkono inayofumuliwa jioni ileile. Tunaomba mafundi wenzetu wajifunze hiyo.

Wanaoalikwa harusi za majirani zetu Wahindu wameuliza mara nyingi kuhusu rangi. Sari nyeupe tupu iepukwe, maana katika sehemu nyingi ni rangi ya ujane na msiba. Haina maana kwamba weupe wote ni mwiko: bibi harusi wa Kigujarati huvaa panetar, nyeupe yenye wekundu wa bandhani, yaani nukta zinazopatikana kwa kufunga kitambaa kwa uzi kabla ya kukitia rangi, ambayo kwa desturi huletwa na mjomba wake, ndugu ya mama, kisha upande wa mume humvisha gharchola nyekundu. Jamii zetu za huku zinazompa mjomba nafasi yake katika ndoa zitaiona sababu bila kufafanuliwa. Mgeni aache pia nyekundu nzito yenye zari nyingi, yaani nyuzi za dhahabu au fedha, kwa kuwa hiyo ni ya mwenye siku. Kidoti cha kubandika kwenye paji la uso mgeni anaweza kukivaa. Siyo alama ya ndoa kwa chenyewe, tofauti na unga mwekundu wa kwenye mstari wa nywele. Ila gundi ya baadhi ya vidoti huacha doa jeupe lisilotoka kwa wenye ngozi nyepesi kudhurika. Ukisikia mwasho, kitoe hapo hapo na usikirudishe.

Bodaboda ni suala jingine. India ina kanuni inayotaka pikipiki ifunikwe angalau nusu ya gurudumu la nyuma ili nguo za abiria zisinaswe, na watu wa huko huiita kinga hiyo kwa jina la sari. Pikipiki nyingi za huku zinatoka viwanda vya India, lakini kinga hiyo mara nyingi imetolewa ili mizigo ikae. Palu inayopepea nyuma ya boda ikinaswa na spoku, inavuta shingo na bega kabla dereva hajasikia kelele. Ilete mbele, izungushe kiunoni, ichomeke yote. Kama umevaa hariri ndefu, panda tuktuk.

Mwisho ni kuitunza, kwani unyevu wa ziwa hauna huruma na hariri. Baada ya kuvaa, ianike kivulini saa chache jasho litoke, usiikunje ikiwa na joto la mwili. Sari ya zari isitundikwe kwenye hanga ya waya, inakatika kwenye mkunjo. Ikunje, uifunge ndani ya kitambaa cha marekani kilichofuliwa, siyo mfuko wa plastiki unaofungia unyevu, na kila miezi mitatu ifunguliwe na kukunjwa kwa mistari mingine, maana zari iliyokaa mwaka mzima kwenye mkunjo mmoja huvunjika kama waya. Vidonge vya nondo visiguse nyuzi za zari, vinazifanya ziwe nyeusi. Majani makavu ya mwarubaini kwenye kifuko cha pamba yanafanya kazi hiyo vizuri, na ndiyo akina mama wa India hutumia. Huku hayana bei. Bandhani halisi ifuliwe peke yake kwa maji baridi yenye chumvi mara mbili tatu za kwanza, na isipigwe pasi ya kuibonyeza kabisa: vile vinundu vidogo vilivyobaki pale uzi ulipofungwa ndivyo vinavyoonyesha kwamba mkono wa mtu uliifunga nukta moja moja. Iliyochapishwa kiwandani ni tambarare, na nukta zake zote zinalingana.

Tunaomba, Mhariri, mtakapochapisha tena picha ya mwanamke aliyevaa sari, mwandishi wenu amuulize mwenyewe mfungo wake unaitwaje na kitambaa kimetoka wapi, na aandike jibu lake chini ya picha.

Mafundi wa blauzi na sari,
Kisumu